Mto Wenye Mikono Miwili

Walinisifia mto kabla ya kunisifia mume. Wazee wa ukoo waliokuja kunichumbia walikaa nyumbani kwetu, upande wa Thika, wakanywa pombe ya baba yangu mpaka zikabaki sira, na kila walipokosa la kusema juu ya kijana wao walirudi kwenye mto. Mto wetu, walisema, haujawahi kukauka. Mto wetu una nduma, yaani magimbi, nene kama paja la mtu. Mto wetu umetoka kwa Mungu moja kwa moja, haukupitia kwa mtu. Mama yangu, aliyebeba maji mgongoni tangu utotoni, hakuwa na imani na mwanamume anayesifu maji. Akawauliza ni umbali gani kutoka mtoni hadi nyumbani. Wakakohoa. Mmoja akasema si mbali kwa mtu mwenye afya.

Mimi nililelewa nikisikia ngurumo ya Chania. Kwetu mto ulikuwa kitu cha kuogopwa. Ulichukua ng'ombe, ulichukua walevi, na mara moja ulichukua daraja zima pamoja na kibao kilichosema daraja hilo ni imara. Kwa hivyo siku nilipopelekwa kwa mume wangu, kwenye migongo ya ardhi iliyo juu ya Ruiru, nilikuwa natazamia kuona mto. Tulitelemka bonde, tukaruka kijifereji, tukaanza kupanda upande wa pili. Nikamwuliza wifi yangu, aliyenisaidia kubeba kikapu, mto wenyewe uko wapi.

Akasimama, akageuka nyuma. "Si ni hiyo umeruka?"

Nilicheka mpaka nikakaa chini, na sketi yangu mpya ikashika udongo mwekundu. Wifi yangu alichelewa sana kunisamehe. Hata leo watu wa ule mto, wakinisikia nikiusema, wananitazama kama mtu aliyetukana mzazi.

Basi wacha nieleze habari zake bila chumvi, maana chumvi wameshaitia wengine. Mto wetu unaanzia chini ya jiwe. Si mwamba wa kutisha. Ni jiwe ambalo wanawake wanne wanaweza kulikalia bila kusukumana, na maji yanatoka chini yake taratibu, kama mtu aliyeamshwa kwa lazima. Hapo palikuwa mahali pa maji ya kunywa. Mwanamke aliyeonekana akiosha miguu hapo alisemwa mwaka mzima, tena na watu ambao wao wenyewe hawakuwa wakioga. Chini kidogo palikuwa na kidimbwi cha kufulia, na chini zaidi ndipo mifugo ilipokunywa na kufanya mengine. Mpango huo haukuwekwa na serikali wala na misheni, na kila mtu aliushika, isipokuwa wanaume, waliooga popote pale uchovu ulipowakuta.

Baada ya hapo mto unapita kati ya migongo miwili, wetu na wa ng'ambo, halafu unavuka mpaka wa rizavu, nchi tuliyoachiwa sisi, na kuingia kwenye kahawa ya Mzungu. Huko ulibadilika tabia, kama wengi walioenda kufanya kazi huko. Mzungu aliuzibia njia akatengeneza bwawa, akaweka bata na mashua moja, na Jumapili alimpakia mkewe wakapiga makasia kutoka ukingo mmoja hadi mwingine. Mashua ilikaribia kuwa ndefu kuliko safari yake. Aliwaambia wageni wake kwamba alipofika aliukuta mto huo hauna mwenyewe. Ulipofika ukame alimtuma nyapara wake apande hadi kwetu na ujumbe kwamba watu wa rizavu wanakunywa mno, wanammalizia bwana mto wake. Nyapara alikuwa mtu wa heshima. Alitoa ujumbe wote, neno kwa neno, kisha akaomba maji ya kunywa, akapewa, akarudi.

Kahawa ikishavunwa, maji ya kuoshea buni yalirudishwa mtoni yakinuka kama pombe iliyosahauliwa. Basi walio chini, vibarua wa mkonge, walipata mto ukiwa umeshaliwa na kutemwa. Kutoka hapo unapita ndani ya bomba chini ya barabara ya Thika, unaingia mto Theta, na Theta nayo ina wakubwa wake, mpaka Athi. Mtoto mmoja wa shule alituambia kwamba maji yetu yanafika baharini. Sina sababu ya kumbishia, ila ningependa kuisikia bahari yenyewe ikikiri.

Hiyo ndiyo jiografia. Historia yake ilikuwa mali ya baba mkwe wangu, mzee mfupi mwenye sauti ndefu, na aliitoa bila kuombwa. Babu yake, alisema, alinunua mgongo wetu kwa mbuzi na asali kutoka kwa wawindaji wa msituni. Alipofika mtoni akamkuta mtu mwingine ambaye naye ameununua mgongo wa pili, akaja mpaka mtoni. Badala ya kupigana wakachinja kondoo dume. Wakatembea ukingoni wakinyunyiza taka za tumbo lake, na nyuma yao wakapanda itoka, yale maua ya mpaka ambayo mtu wa kwetu hawezi kuyang'oa hata kama yameota kitandani kwake. Atakayeyang'oa, walisema, afe yeye na mbuzi wake. Na babu wa baba mkwe wangu, kwa ukarimu, ndiye aliyetoa kondoo, tena aliyenona, wakati yule mwenzake alisimama tu akilamba midomo.

Baadaye nilipata rafiki ng'ambo, nikasikia historia hiyo hiyo kwa baba mkwe wake. Hakuna kilichobadilika, si kondoo wala maua. Ila mlamba midomo alikuwa wa kwetu.

Mpaka ulikuwa mto, basi. Kasoro ilikuwa moja. Chini ya kidimbwi cha kufulia mto uligawanyika mikono miwili, ukakizunguka kipande cha matope, kisha mikono ikaungana tena. Kipande hicho hakikuzidi kiwanja cha kanisa. Itoka haikupandwa pale, upande wowote. Wazee walisema ni siri ya mababu. Mimi naamini mababu walifika kwenye matope, wakatazama ngozi nzuri walizovaa, wakaona kazi imetosha kwa siku hiyo. Wakazunguka, na kondoo wao.

Pale wanaume walipokataa kukanyaga, wanawake waliingia. Nduma inapenda maji miguuni, na ile ilikuwa nchi ya nduma kuliko nyingine zote nilizowahi kuona. Ukoo haukusikia habari za kipande kile kwenye baraza wala kwenye pombe. Kilikuwa mambo ya wanawake na vyura.

Sikumaliza hata mwezi pale kabla mama mkwe wangu hajanipeleka. Alikuwa mwanamke wa maneno machache, labda kwa sababu aliolewa na mengi. Alishikilia bega langu, akaingia kwenye matope mpaka magotini, akapiga jembe mara moja. "Hapa ni pako sasa," akasema. "Mimi magoti imekataa." Hiyo ndiyo sherehe niliyofanyiwa. Niliporudi kuwasalimu wazazi wangu, nilimwomba mama miche ya nduma za kwetu, nikaibeba mgongoni kutoka Thika imefungwa kwa majani ya ndizi, nikaipanda kando ya ile niliyoikuta.

Nusu ya pili ililimwa na mwanamke wa ng'ambo, na huyo ndiye rafiki niliyemtaja. Alikuwa mkubwa kwangu kidogo, mwenye kicheko kilichotisha ndege. Tulichimba pamoja shimo katika mkono wa mbali, ule ulio upande wao, tukalitandika mawe, tukawa tunaoshea humo nduma zetu zikitoka kwenye matope. Hatukuwa na mpaka kati yetu. Mistari yake ilikuwa imenyooka kuliko yangu, na kila mara alinikumbusha.

Kisha ikaja Hali ya Hatari, serikali ikiwawinda waliokwenda msituni kupigania ardhi. Tulihamishwa kutoka kwenye mashamba yetu, koo zote mbili, tukasongamanishwa katika kijiji kimoja, nyumba zimepangwa mistari kama kabichi, na handaki lenye miti iliyochongwa likituzunguka. Handaki tulilichimba sisi wanawake. Tuliambiwa linatulinda. Tulifunguliwa lango kwa saa chache za kwenda shambani, na shamba la mbali lilikuwa bure. Ukifika ni wakati wa kurudi, na mahindi yamekwisha kuliwa na nyani na askari, sijui nani alitangulia. Mume wangu alifanya kazi Thika kwenye kiwanda cha ngozi, na ili aje kuwaona wanawe alihitaji pasi ya kusafiri, na ili apate pasi alihitaji bahati.

Lakini kile kisiwa cha matope kilikuwa karibu. Unatelemka, unateka maji, unang'oa nduma mbili tatu, unarudi kabla filimbi haijalia. Nduma haihitaji ghala. Inakaa kwenye matope inakungoja, na mtu asiyeijua akipita anaona majani tu. Watoto wangu walikua kwa nduma za kipande kile, asubuhi na chai, jioni na chumvi. Nililipenda shamba lile. Sioni haya kusema hivyo. Nimewahi kupenda watu kwa sababu ndogo zaidi.

Hali ilipoanza kulegea, miaka ya hamsini ikielekea ukingoni, serikali ikaleta neno jipya. Vipande vya kila mtu vikusanywe viwe shamba moja, vipimwe, na kila shamba liwe na mwenyewe mmoja anayejulikana. Nisitukane jambo lote, maana wapo waliofaidika. Nilichokiona kwa macho yangu ni kwamba wanaume wengi walikuwa bado kizuizini, na mashamba yao yalipimwa wakiwa hawapo, na ajabu ni kwamba kadiri mwenyewe alivyokuwa mbali ndivyo shamba lake lilivyozidi kupungua.

Hapo ndipo wanaume walipoanza kuupenda mto. Watu ambao hawakuwahi kubeba hata kibuyu walishinda ukingoni wamekunja mikono nyuma, wanautazama kama mahari. Maana swali lilikuwa limezuka, na halikuwa na jibu: mto wenyewe ni mkono upi? Ikiwa mto ni mkono wa karibu na sisi, basi kisiwa ni cha ng'ambo. Ikiwa ni mkono wa mbali, kisiwa ni chetu. Baba mkwe wangu, aliyeishi miaka yote bila kujua kisiwa kile kina nini, sasa alisema babu yake alifia pale. Wa ng'ambo wakasema wa kwao alizaliwa pale. Yaani mtu azaliwe kwenye matope ya nduma, na vyura wawe wakunga.

Mimi nilitaka kitu kimoja tu, nibaki na shamba langu. Rafiki yangu naye alitaka lake. Tulijua kwamba mmoja wetu atafukuzwa, na hatukulizungumza. Tuliendelea kuosha nduma katika shimo letu, yeye akanisimulia habari za mbuzi wake mgonjwa, mimi nikamsimulia za meno ya mtoto.

Ikatangazwa kwamba kamati ya wazee, pamoja na Mzungu kijana wa upimaji, watakuja kuamua. Ilikuwa kiangazi kikali na mikono yote miwili ilikuwa imekonda. Jioni ya kuamkia siku hiyo baba mkwe aliwaita wanawake wote wa ukoo, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Alisimama amevaa koti kubwa la kijeshi, ingawa jua lilikuwa halijatua.

"Kesho asubuhi," akasema, "kabla Mzungu afike, nyinyi mtajaza ile mkono ya ng'ambo. Akuje apate imejaa."

"Tujaze na nini, Baba?" nikamwuliza.

"Na maji."

"Maji itoke wapi?"

Akanitazama kwa huruma. "Kwa mto."

Mama mkwe, ambaye hakuwa akimjibu mumewe hadharani, akasema polepole, "Tutoe maji kwa mto, tuitie kwa mto."

"Hii ni maneno ya ukoo," akasema mzee. "Wanawake hawawezi elewa."

Tuliamka tukachukua madebe, tukatelemka hadi kidimbwi cha kufulia, maana ndicho pekee kilichokuwa na maji ya kutosha. Tukawakuta wanawake wa ng'ambo wameshafika, na madebe yao. Tulitazamana. Rafiki yangu alikuwa mbele, debe kichwani, mkono kiunoni.

"Na nyinyi?" akaniuliza.

"Na sisi."

"Mnajaza gani?"

"Ya kwenu. Nyinyi?"

"Ya kwenu."

Kile kicheko chake kilipasuka, na baada ya hapo hakuna aliyeweza kujizuia. Wanawake wazima walikaa chini wakashika mbavu. Mama mkwe wangu alilia machozi, akayapangusa kwa kanga, akacheka tena. "Haiya," rafiki yangu akasema alipopata pumzi, "si tungewapatia wao hii madebe, wajimwagie wenyewe?"

Lakini maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga, na wanaume walikuwa wamesimama juu ya migongo yote miwili wakitutazama. Tukaanza kazi. Walio wetu walibeba na kumwaga kwenye mkono wa mbali, walio wao walibeba na kumwaga kwenye mkono wa karibu, na tulipishana kwenye njia moja nyembamba tukiambiana pole. Na kadiri tulivyoteka kidimbwini ndivyo mto wenyewe ulivyopungua, kwa sababu mikono yote miwili ilikuwa ikitoka kwenye kidimbwi hicho hicho, kwa hivyo tulilazimika kuteka zaidi. Kama tungeachwa tuendelee hadi jioni tungeumaliza mto kwa kuujaza.

Kamati ilifika. Mzungu alikuwa kijana wa magoti mekundu na soksi ndefu, ana ubao wenye ramani, na nyuma yake mtu aliyebeba mnyororo wa kupimia. Baba mkwe wangu akaanza historia ya kondoo. Mzee wa ng'ambo naye akaanza yake, kwa wakati mmoja, na zote mbili zikafika kwenye taka za tumbo pamoja. Mzungu akainua mkono.

"Mto moja," akasema, "mzee mbili, maneno mingi sana. Wewe, onyesha mimi mto."

Baba mkwe akanyoosha kidole huku. Mwenzake akanyoosha kule.

Mzungu akaitazama mikono yote miwili. Ilikuwa imejaa sawasawa, tena ikiwa ya kahawia, katika nchi ambayo hata mbwa walikuwa wamekauka ulimi. "Kwa nini maji chafu namna hii?" akauliza. Wazee wakatazama mbingu. Sisi wanawake tulikuwa tumekaa ukingoni, tumeyaficha madebe nyuma yetu, tunahema. Ni mama mkwe peke yake aliyejibu, kwamba labda huko juu kuna mtu anafua.

Akaamua kupima kwa macho yake mwenyewe. Mkono wa karibu aliuruka bila kulowa, kama nilivyouruka mimi siku ile. Akapita katikati ya nduma zangu, akavunja nyingine, akapita kwenye mistari iliyonyooka ya rafiki yangu, akaivuruga. Akafika mkono wa mbali. Aliona maji membamba ya kahawia, akaweka mguu mahali alipodhani maji ni mafupi. Palikuwa ndani ya shimo letu la kuoshea.

Alizama mpaka kiunoni. Ubao wa ramani ulielea peke yake kwa heshima, ukaanza kwenda Athi. Baba mkwe wangu na mzee wa ng'ambo, ambao hawakuwa wamesalimiana tangu mvua za mwaka uliopita, walimshika mmoja huku mmoja kule wakamvuta. Akatoka na kiatu kimoja. Alisimama akitiririka, akauelekezea mkono wa mbali kidole.

"Hii!" akasema. "Hii ndiyo mto! Ile ingine bure kabisa!"

Ndivyo historia ya koo mbili ilivyokatwa. Mto ni ule uliomlowesha Mzungu kiatu. Mtu wa mnyororo alipiga vigingi, penseli ikatolewa mfukoni, ubao ukaokotwa kwenye matete. Kisiwa kikawa chetu, na wanaume wetu wakarusha kofia. Nilipiga vigelegele vitano kama anavyopigiwa mtoto wa kiume, na nikavipiga kwa koo lote, kwa maana watoto wangu watakula.

Rafiki yangu alisimama na debe lake tupu. Alinijia, akanishika mkono, na wake ulikuwa wa baridi kwa maji. "Afadhali wewe," akasema. "Mtu anajua kazi yake." Nikamwambia asing'oe kitu, aendelee tu kulima, nani atakuja kuangalia matope? Akacheka kidogo, si kile kicheko chake.

Jioni hiyo tuliitwa tena uani. Baba mkwe alikuwa bado na koti lake. Akatangaza kwamba sasa Waafrika wanaruhusiwa kupanda kahawa, na kisiwa kitakuwa shamba la kahawa, na kitaunganishwa na fungu la mwanawe mdogo, shemeji yangu, aliyemaliza shule na anayehitaji kianzio cha maisha. Shemeji yangu alitabasamu akitazama viatu vyake. Hakuwahi kukanyaga pale, na kahawa haipendi miguu yake ilowe. Hilo hata vibarua wa Mzungu wangemwambia.

"Na shamba yangu, Baba?" nikauliza.

"Shamba gani, binti ya watu?"

"Ya nduma."

"Aaa, nduma." Akacheka kwa upole, maana alikuwa na furaha na siku ile hakuna ambacho kingemkasirisha. "Hiyo ni kitu ya wanawake tu. Panda hapa kwa ukuta, itamea."

Mume wangu alikuja Jumamosi na mkate chini ya kwapa. Nilimweleza yote, naye alisikiliza yote, kwa kuwa ni mtu mwema. Mwisho akasema, "Baba ameshasema." Alinikatia kipande cha mkate kilicho kinene kuliko cha watoto. Nilienda kwa mama mkwe nikitaka anitetee. Alikuwa akichambua maharagwe, na hakuinua macho. "Hata mimi niliambiwa ni pangu," akasema. Nilikasirika, nikamkasirikia hata yeye, na hasira hiyo imenikaa miguuni kama yale matope ya asubuhi ambayo hayatoki.

Nilipewa amri ya kung'oa nduma zote kabla wachimbaji wa mashimo ya kahawa hawajaingia. Rafiki yangu naye alikuwa ameambiwa ang'oe zake. Tulikutana pale asubuhi, tukainama, tukang'oa kutwa nzima. Za kwake zilikuwa kubwa. Za kwangu, zile za mbegu ya Thika nilizokuwa nimezipanda upya, zilikuwa bado changa, na nyingi zilikuwa ndogo kama ngumi ya mtoto. Zingengoja mvua moja tu. Hatukuiosha hata moja katika shimo letu, kwa sababu sasa lilikuwa mpaka, na kulikuwa na kigingi.

"Ningejua," akasema akifunga mzigo wake, "ningekuambia usipige vigelegele sana. Ona vile koo imekauka bure." Akanisaidia kujitwika. Kisha akavuka kwenda kwao.

Nilidhani nitaziuza nyingine na kuzipanda nyingine. Nilipofika nyumbani nikakuta kondoo amechinjwa na sufuria kubwa za kanisa zimeazimwa. Kulikuwa na karamu ya wazee wa kamati, ya kuwashukuru, na baba mkwe akaniambia nichemshe nduma zote, kwa sababu mzigo umefika wakati mzuri, Mungu hakosi. Nilizimenya zote. Nilizichemsha zote, hata zile ndogo. Nikazipanga kwenye sinia, nikapeleka mwenyewe, nikapiga magoti kidogo kama inavyotakiwa. Wazee walikula. Wakasema hawajawahi kula nduma laini namna hiyo, wakaniuliza nimezipika na nini. Watoto wangu walipewa supu ya kichwa.

Kesho yake, jua likiwa limepanda, baba mkwe alitoka nje akijinyoosha, akakaa kwenye kigoda chake, akaniita. Alitaka chai. "Na uniletee zile nduma," akasema, "za jana. Zimenikaa vizuri tumboni."

Nikamwekea chai. Nikamwambia, "Hakuna, Baba. Lile lilikuwa shamba lote. Ulilila jana."

Mke wa kijana wa mtu hasemi hivyo. Nilijua, na nilisimama pale nikingoja kigoda kirushwe, nikingoja nirudishwe kwetu Thika na kikapu changu. Mzee alinitazama. Kisha akaanza kucheka, akacheka mpaka chai ikamwagika kwenye koti, akamwita jirani aje asikie mke wa kijana wake alivyo na maneno matamu. Miaka yote iliyobaki ya maisha yake aliwahadithia wageni mzaha ule, na kila mara aliniita nije niurudie mbele yao.